Siku Isiyobishiwa Hodi

Nchi yenyewe sitaitaja, maana nina watoto na nyumba ya kupanga. Ukijiuliza kama ni nchi yenu, jibu ni hapana. Kwenu mambo ni mazuri, tunasikia redioni. Hii ilikuwa nchi nyingine kabisa, ya huko, na watu wake walikuwa na adabu kupita kiasi. Adabu hiyo ndiyo iliyowaponza, na adabu hiyohiyo ndiyo iliyowaponya, kama mtakavyoona mkinipa nafasi ya kusema.

Adabu yao ilianzia kwenye siku. Kwenu siku hujiingilia tu: jua likichomoza, basi, tayari ni Jumanne, upende usipende. Kule walisema hiyo ni tabia ya kihuni. Siku ni mgeni, na mgeni hupiga hodi. Kwa hiyo kila mtaa ulikuwa na Mbisha Hodi wake, mtu mwenye fimbo na sauti, ambaye kila asubuhi alipita nyumba kwa nyumba akigonga mlango na kusema, "Hodi." Aliyekuwa ndani, hata kama ana mswaki mdomoni, aliitikia, "Karibu." Hapo ndipo Mbisha Hodi alipoitaja siku aliyokuja nayo: ya tatu ya Mwezi wa Embe, ya mwisho ya Mwezi wa Upepo, na kuendelea. Siku iliyokaribishwa ilihesabika. Isiyokaribishwa ilikuwa haijafika, hata kama jua liko utosini na jasho linakutiririka.

Uangalieni vizuri utaratibu huo. Kwanza hodi, halafu karibu, na mwisho kabisa ndipo unapoambiwa umekaribisha nini. Wazee wao walishikilia kwamba kumuuliza mgeni "nani wewe" kabla hujamkaribisha ni kumtukana yeye na mama aliyemzaa. Mtoto aliyethubutu kuuliza alifinywa sikio mpaka likawa jekundu kama pilipili. Basi watu wa nchi ile walikua hivyo: ukibisha mlango, mdomo wao unasema karibu wenyewe, kabla kichwa hakijapata habari.

Katika mji mkuu wa nchi hiyo alikaa mwanamke aitwaye Bi Kazija, mkaanga vitumbua. Mumewe, Bwana Shomari, ndiye aliyekuwa Mbisha Hodi wa Mtaa wa Jumba Kuu, yaani mtaa anamokaa mtawala. Ilikuwa kazi ya heshima. Shomari alikuwa na pumu, lakini akisema hodi ungedhani ameazima kifua cha mtu mwingine. Alirudi nyumbani kila asubuhi akihema, akaketi kwenye kigoda karibu na jiko, na Bi Kazija akampa kitumbua cha kwanza, kile kinachoungua upande mmoja kwa sababu karai halijapata moto sawasawa. Shomari alikuwa akikisifia kila siku. Bi Kazija alijua kwamba anadanganya, na ndiyo maana alimpenda.

*

Sasa tuje kwa mtawala. Jina lake la kuzaliwa lilipigwa marufuku kwa kuwa lilikuwa fupi mno, kwa hiyo tumwite kama walivyomwita: Mtukufu Mwenye Saa.

Mwenye Saa aliingia madarakani kwa adabu. Asubuhi moja alikwenda kwenye kituo cha redio, vifaru vikimsindikiza, akasema hodi kwa wananchi wote. Wananchi wakaitikia karibu. Ndipo akawaambia yeye ni nani. Wapo walioshika vichwa, lakini walikuwa wamekwisha kumkaribisha, na mgeni hafukuzwi.

Akiwa bado mpya na anataka kupendwa, akaandika katiba kwa mkono wake mwenyewe, na ndani yake akasema ataondoka siku ya kwanza ya Mwezi wa Mwanga katika mwaka wa kumi wa utawala wake. Mabalozi walimpigia makofi mpaka bangili za wake zao zikakatika. Mwaka wa kumi ulikuwa mbali sana wakati ule. Hata yeye alijipigia makofi.

Baada ya hapo akaanza kuishughulikia kalenda. Mwezi wa Embe akauita Mwezi wa Shukrani. Mwezi wa Upepo ukawa Mwezi wa Shukrani Zaidi. Mwezi wa njaa, ule ambao wahenga waliuita Mwezi wa Mikanda, ukapewa jina la Mwezi wa Uvumilivu Mtamu, na mwezi unaofuata, ambamo mabomba ya mji hukauka kila mwaka bila kukosa, ukaitwa Mwezi wa Mradi Unaendelea. Mwezi wa Mwanga peke yake uliachiwa jina lake, kwa kuwa ndimo alimozaliwa mama yake, na mama yake bado alikuwa hai na hakutaka upuuzi.

Halafu akaongeza sheria moja ndogo, ya kujipamba tu. Tangu siku hiyo, siku zote zitaingia nchini kwa kupitia mlango wake. Mbisha Hodi wa Jumba Kuu atabisha kwake kwanza, kipaza sauti cha redio kitanasa "Karibu" ya Mwenye Saa mwenyewe, na nchi nzima itaisikia. Hapo ndipo Wabisha Hodi wengine wataruhusiwa kuondoka majumbani. Watu waliona ni majivuno, na yalikuwa majivuno. Hakuna aliyefikiri kwamba mtu anayeushika mlango anaweza pia kuufunga.

Na hodi hiyo ya Jumba Kuu ndiyo iliyomtia Shomari matatani. Siku ya kuzaliwa Mtukufu, ambayo ndiyo Siku ya Taifa, baada ya kukesha na pumu, alisema hodi vizuri, akakaribishwa vizuri, halafu kabla ya kuitaja siku akapiga miayo. Kipaza sauti kikainasa miayo yote, mwanzo hadi mwisho, ikafika hadi vijiji vya mpakani. Hakimu alisema mshtakiwa ameichosha Siku ya Taifa hadharani. Akahukumiwa kukaa jela mpaka siku ya kwanza ya Mwezi wa Mwanga, mwaka wa kumi. Haikuwa mbali. Bi Kazija alipiga hesabu akajipa moyo kwamba mumewe atatoka kabla mtungi wa asali alioununua haujaisha.

Fimbo ya hodi ikabaki nyuma ya mlango wa nyumba yao. Mila ilisema Mbisha Hodi akiugua, mkewe huishika fimbo na kubisha badala yake. Jumba Kuu halikuifuata mila hiyo, likamweka kanali wa jeshi. Lakini halikuifuta pia. Walisahau tu.

*

Ikafika siku ya mwisho ya Mwezi wa Mradi Unaendelea, mwaka wa kumi. Kesho yake ilikuwa siku ya kwanza ya Mwezi wa Mwanga. Mwenye Saa aondoke, Shomari atoke.

Bi Kazija alifua mashuka, akasugua kigoda, akachovya vidole vyake kwenye hina ingawa alijiambia kwamba ana umri wa kuona haya. Asubuhi akakaa mlangoni kusubiri hodi. Jua likapanda. Hodi haikuja. Jirani akachungulia dirishani, na jirani wa pili naye akachungulia, kila mtu na karibu yake imemkaa kooni. Jua likafika katikati. Ndipo redio ikakohoa, na mtangazaji akasema kwa sauti ya sherehe kwamba wananchi wanaarifiwa kuwa leo bado ni leo.

Waziri wa Majira, Dakta Mtoro Bungala, aliitwa redioni kufafanua. Huyu alikuwa msomi wa kweli, mwenye miwani mbili, moja ya kusomea na moja ya kuonekana anasoma. Alieleza kwamba kanali amelala, na kwamba kwa mujibu wa sheria siku haiwezi kuingia bila hodi. Wananchi wasibabaishwe na jua. Jua kuzama na kuchomoza si dalili ya siku mpya, ni jua tu linapepesa macho, na nani katika sisi hapepesi macho? Lile giza la katikati liitwe Kivuli cha Taifa, na wananchi wanaruhusiwa kulala humo kama kawaida, ili mradi wakiamka wasisalimiane "umeamkaje," maana salamu hiyo ina uchochezi ndani yake.

Neno "kesho" likapigwa marufuku. Badala yake watu waseme "baadaye leo."

Siwezi kusema uongo, mwanzoni watu walifurahi. Wanafunzi waliokuwa na mtihani kesho walicheza ngoma barabarani. Wanaume walioahidi kuoa kesho walitembea kifua mbele. Fundi cherehani mmoja, ambaye tangu aanze kazi hajawahi kumaliza nguo kabla ya kesho, kwa mara ya kwanza alionekana mtu mwaminifu. Na takwimu zikapaa. Serikali ilitangaza kwamba kuku wa nchi ile hutaga trei nzima kwa siku moja. Barabara ya uwanja wa ndege, iliyokuwa na mashimo tangu enzi za babu, ilizibwa viraka kuanzia mwanzo hadi mwisho kwa siku moja, na wahandisi wa kigeni wakaja kupiga picha. Timu ya taifa ilifungwa na majirani wote, lakini kwa siku moja, jambo ambalo hakuna timu nyingine duniani imewahi kulifanya.

Halafu watu wakaanza kuona ladha yake. Wabunge hulipwa posho kwa siku, nao wakagundua kwamba wanakaa kikao juu ya kikao na posho ni ileile moja. Mmoja wao, aliyekuwa amependekeza Mwenye Saa ajengewe sanamu, aliondoa pendekezo na kusema sanamu zinaharibu mandhari. Askari wa zamu walibaki zamuni, kwa kuwa zamu huisha siku inapoisha. Walivimba miguu. Wake zao waliwapelekea mito ya kuegemea.

Na katika jela ya mji, mfungwa hupewa sahani moja ya chakula kwa siku.

*

Bi Kazija aliligundua hilo langoni. Alikuwa amekwenda na kikapu cha vitumbua mara baada ya jua kupepesa macho kwa mara ya pili, na askari wa lango akamwambia, kwa upole kabisa, kwamba haiwezekani. Mgeni mmoja huruhusiwa kumwona mfungwa mara moja kwa siku, na yeye ameshamwona mumewe leo. Bi Kazija alikumbuka kweli alimwona, ile asubuhi ya kwanza, na walikuwa wamecheka wakipanga atakavyorudi nyumbani. Akauliza wafungwa wanakula nini. Askari akatazama viatu vyake. Akasema wameshakula leo.

Waliokuwa ndani waliishi kwa majani ya maboga ya bustani ya jela na maji ya mvua. Askari waliwamegea walichokuwa nacho, ingawa nao hawakuwa nacho. Bi Kazija akawa anazunguka nyuma ya ukuta na kuvirusha vitumbua kwa juu, mpaka Mkuu wa Jela akatoa amri kwamba kitumbua kinachoruka ni ndege asiye na kibali. Baada ya amri hiyo alikwenda kusikiliza tu. Alisimama ukutani, sikio kwenye tofali, akisikiliza kikohozi cha Shomari. Alikijua kati ya vikohozi vyote. Siku, samahani, leo ya kwanza, kilikuwa kikohozi cha mtu mwenye hasira. Kikaja kuwa cha mtu aliyechoka. Halafu ikawa lazima asubiri sana ndipo akisikie, na kikija ni kidogo, kama mtu anayekohoa kwa kuomba radhi.

Bi Kazija aliogopa. Alikuwa mwanamke wa maneno mengi, sokoni walimwita Redio ya Pili, lakini siku hiyo alitembea toka jela mpaka mjini bila kumsalimia mtu. Mume wake angekufa leo, na wangeandika kwamba amekufa siku moja kabla ya kuachiliwa, na ingekuwa kweli.

Akaenda Wizara ya Majira. Karani akamwambia arudi kesho, akashtuka, akajiziba mdomo, akatazama huku na huku, kisha akampeleka haraka kwa Waziri mwenyewe ili tu asahau aliyoyasikia.

Dakta Bungala alimpokea vizuri. Alimwagizia chai, akavaa miwani ya kuonekana anasoma, akamweleza kwa kirefu falsafa ya jambo lenyewe. Siku ipo, alikiri. Siku ya kwanza ya Mwezi wa Mwanga iko nje pale, imesimama barazani, serikali haikatai. Lakini siku inayoingia bila hodi ni mwizi, na je, mama anataka taifa lipokee siku ya wizi? Bi Kazija akauliza, basi kwa nini isibishiwe hodi. Waziri akasema kanali amelala. Bi Kazija akasema wamwamshe. Waziri akasema itifaki haimruhusu mtu kumwamsha kanali mpaka asubuhi, na asubuhi ya leo imeshapita.

Ndipo Bi Kazija akaomba walau sahani ya pili kwa wafungwa. Dakta Bungala akavua miwani.

"Mama yangu, ukimpa mtu sahani ya pili umekubali kwamba kuna siku ya pili," alisema. "Sahani hiyo itampindua Mtukufu."

Alisema kwa huzuni ya kweli, maana hakuwa mtu mbaya, alikuwa msomi. Halafu, kwa kutaka kumfurahisha, akampa habari njema. Baadaye leo Mtukufu atalihutubia taifa moja kwa moja kutoka sebuleni kwake, kuisherehekea Siku Kubwa Kuliko Zote. Mabalozi watakuwepo, na mama yake Mtukufu pia. Na Mtukufu amesema ana hamu ya vitumbua vya Bi Kazija. Kwa kuwa chai ya asubuhi ya leo ilikwisha kunywewa, hii itahesabiwa kuwa nyongeza ya chai ileile.

Bi Kazija alikunywa chai ya Wizara taratibu, mpaka makapi. Akauliza kama atumie mlango wa jikoni. Waziri akasema wa jikoni unapakwa rangi kwa ajili ya sherehe, apite ule wa sebuleni, abishe polepole.

Nimesema alikuwa msomi.

*

Alikaanga vitumbua vizuri kuliko alivyowahi kukaanga. Akavipanga kwenye sinia, akavifunika kwa kitambaa cheupe, akajifunga kanga ya pili kiunoni. Kisha akaenda nyuma ya mlango, akaitoa fimbo ya Shomari, akaifuta vumbi kwa kiganja.

Kwenye ukumbi mdogo wa kuingilia sebuleni alisimama Sajini Mbaruku, aliyekuwa zamuni tangu leo ilipoanza kuwa ndefu. Alikuwa ameegemea bunduki kama mzee aegemeavyo mkongojo. Mkewe alikuwa amejifungua mtoto wa kike, ambaye yeye alikuwa bado hajamwona, ila alikuwa akisimuliwa na walinzi wa nje kwamba ana nywele nyingi. Alipomwona Bi Kazija akamwamkia shikamoo kwa sauti ya mtu aliyekauka. Halafu akaiona fimbo.

Kila mtu wa mtaa ule aliijua fimbo ile. Sajini alikuwa na amri ya kumkamata yeyote atakayesema hodi karibu na Jumba Kuu. Aliitazama fimbo, akamtazama Bi Kazija, akaitazama miguu yake mwenyewe iliyovimba ndani ya buti.

"Mama, hiyo ni fimbo ya kutembelea, sio?"

"Ya kutembelea, mwanangu. Magoti yangu haya."

Sajini akageuka, akaanza kuikagua kwa makini picha ya Mtukufu iliyokuwa ukutani upande wa pili. Aliikagua kwa muda mrefu, na hakuna anayeweza kumlaumu askari kwa kumtazama mtawala wake.

Ndani, hotuba ilikuwa imepamba moto. Mwenye Saa alikuwa amefika mahali pa kusema kwamba wapo watawala waliokaa madarakani miaka mingi, lakini nani kati yao aliyeijaza siku moja kwa maendeleo kiasi hiki? Kipaza sauti kilikuwa mbele yake. Mabalozi walikuwa wakisinzia kwa heshima. Mama yake, kikongwe mwenye umbo dogo na ushungi, alikuwa ameketi karibu naye, mkono wake ukiwa hauko mbali na sikio la mwanawe. Na kila nyumba nchini redio ilikuwa wazi, kwa kuwa kuifunga lilikuwa kosa.

Bi Kazija alivuta pumzi. Alimfikiria mume wake, jinsi anavyoazima kifua. Akagonga mlango kwa fimbo, mara tatu, akasema kwa sauti iliyotoka kule kwenye unyayo:

"Hodi."

Na Mtukufu Mwenye Saa, katikati ya neno "maendeleo," akiwa na mama yake pembeni na utoto wake wote mgongoni, akaitikia:

"Karibu."

Mlango ukafunguliwa. Harufu ya iliki ikaingia kwanza. Mwenye Saa alikuwa ameshaanza kutabasamu kwa sinia.

"Ahsante, baba," alisema Bi Kazija. "Nimekuja na siku ya kwanza ya Mwezi wa Mwanga, mwaka wa kumi."

Halafu, kutoka madirishani, ikaanza kusikika sauti ya mji. Wananchi walikuwa wameisikia hodi redioni, wakaisikia karibu ya Jumba Kuu, na midomo yao haikungoja. Nyumba ya jirani ikasema karibu, mtaa wa pili ukasema karibu, soko zima likasema karibu, sauti ikaenda mpaka kusikosikika. Wabisha Hodi waliokuwa wamekalia fimbo zao majumbani walitoka mbio bila viatu.

Mwenye Saa aliruka, akasema kwenye kipaza sauti kwamba alikuwa akivikaribisha vitumbua. Akairudia kauli hiyo. Akasema karibu yake irudishwe. Mama yake akanyoosha mkono, akamshika sikio.

"Mgeni umemkaribisha mwenyewe, umwone usoni sasa umfukuze?" alimwuliza. "Nilikulea hivyo mimi?"

Mabalozi walitazamana, wakaanza kupiga makofi, kwa kuwa ndiyo kazi yao. Sajini Mbaruku akaweka bunduki chini, akavua buti palepale ukumbini, akaondoka pekupeku kwenda kumwona binti yake. Na Dakta Mtoro Bungala, aliyekuwa mstari wa mbele, akabadilisha miwani, akakisogelea kipaza sauti na kulithibitishia taifa kwamba kitaalamu siku imeingia, kwamba yeye alikuwa akiitarajia muda wote, na kwamba vitumbua vile aliviagiza yeye.

*

Shomari alitoka siku hiyohiyo. Askari wa lango hakungoja amri. Alifungua komeo, akapiga kelele kwamba zamu imekwisha, na alikuwa ameshafika kituo cha basi kabla wafungwa hawajamaliza kutoka. Walitoka wakishikana, wamekonda hata vivuli vyao vimepwaya. Shomari alikuwa wa nyuma. Bi Kazija alimshika mkono, akalia mbele za watu, naye hakuona haya.

Nyumbani alimkalisha kwenye kigoda. Alimpa uji kwanza, kidogokidogo, halafu kipande cha kitumbua, kile kilichoungua. Shomari akatafuna. Akasema ni kitamu sana. Alipopata pumzi akauliza nani aliyebisha ile hodi, maana hata jela waliisikia. Bi Kazija akasema ni yeye. Shomari akafikiri, akasema ilikuwa nzuri, ila pigo la mwisho la fimbo lilikuja mapema kidogo. Bi Kazija akamwambia kama ana nguvu za kukosoa basi ana nguvu za kuosha sufuria.

Mwenye Saa alikwenda kukaa kwa mama yake kijijini, ambako kila asubuhi huamshwa kwa jina lake lile fupi, na kiti chake kikabaki wazi. Kalenda ikaanza kutembea, kwa kuchechemea. Walikuwa wamechelewa sana. Siku zilizokuwa zimesongamana barazani iliwabidi wazipokee mbili mbili kwa hodi moja, na mpaka leo hakuna mtu katika nchi ile anayejua umri wake barabara. Fundi cherehani alirudia tabia yake.

Ikawa asubuhi moja. Bi Kazija yuko jikoni, unga umeumuka, karai linashika moto. Shomari, aliyeanza kunenepa mashavu, yuko kwenye kigoda akisubiri. Mlangoni pakasikika magari yakisimama, zaidi ya moja. Zikasikika nyayo za watu wengi wanaotembea nyuma ya mtu mmoja. Mtu akajikohoza kisomi.

"Hodi," ilisema sauti ya Dakta Mtoro Bungala, laini, yenye tabasamu ndani yake.

Mtaa mzima ukawa umeshafungua midomo. Shomari naye alikuwa ameshavuta pumzi, na ile sauti ya kwanza ya "karibu" ilikuwa mlangoni mwa meno yake, mkewe alipomziba mdomo kwa kiganja chenye unga.

Bi Kazija aliutazama mlango. Alihisi masikio yake yakiwaka moto, yote mawili, kama yamefinywa na mama yake, na bibi yake, na mama wa bibi yake. Hata hivyo alisema.

"Nani?"

Walingoja, yeye na Shomari, unga ukidondoka polepole kwenye ndevu za mumewe. Wakasikia karatasi zikipekuliwa, na watu wakinong'onezana. Kisha wakasikia Dakta Bungala, msomi wa kweli, akivaa miwani ya kusomea na kuwauliza wenzake kwa sauti ya chini kama kuna yeyote aliyekuja na jibu la swali hilo.